Siku Iliyoongezwa Lumbi

Harufu ya lami inayochemka ilikuwa inapanda kutoka ufukoni mpaka kwetu Kasenga, mtaa wa Uvira, inaingia jikoni, inakaa kwenye nguo zilizoanikwa, na hata ugali wa mchana ulikuwa na ladha yake kidogo. Mama alikuwa anafunga dirisha. Mimi nilikuwa nalifungua tena akitoka. Kwa watu wengine ilikuwa harufu ya wavuvi wanaoziba nyufa za mitumbwi, basi. Kwangu ilikuwa na maana kwamba kule Lumbi giza limefika siku ya tatu, watu wake wamelala, na rafiki yangu Solange ananingoja kwao, chini ziwani, ili tutangaze siku. Nina miaka kumi na saba sasa, na niko mwaka wa tano wa sekondari. Kwa mdomo sijawahi kumsimulia mtu habari za Lumbi, kwa sababu nikianza kuongea mbele ya watu shingo yangu inapata moto na maneno yanakwisha. Kwenye karatasi hayakwishi. Kwa hiyo naandika habari za msimu mmoja tu, ule wa vita ya kwanza kufika kwetu, nilipokuwa na miaka kumi na moja.

Mtu asiyekaa pembeni ya ziwa letu inabidi aelezwe jambo moja. Wavuvi wa ndagala wanafanya kazi usiku, kwa taa. Wanatoka jioni, mitumbwi imefungwa miwili miwili kwa magogo, taa za kupampu zinaning'inia mbele, na samaki wadogo wanafuata ule mwanga mpaka wanaingia wavuni. Lakini mwezi ukijaa, ziwa lote linang'aa, ndagala hawana haja tena ya kukusanyika chini ya taa ya mtu. Hapo wavuvi wanavuta mitumbwi mchangani na kukaa karibu wiki nzima. Kila mwezi ni hivyo. Siku hizo za mwezi mkubwa ndizo wanazofanyia kila kitu kingine cha maisha yao: wanaanika nyavu, wanashona matundu, wanachemsha lami, wananyoana nywele, wanaoa. Mtoto wa Uvira anaweza asijue tarehe, lakini akitazama ufuko anajua mwezi uko wapi.

Lumbi, nchi ya chini ya ziwa, tuliianzisha mimi na Solange, tumelala kifudifudi ndani ya mtumbwi wa baba yake uliovutwa juu, tukichungulia maji kwenye ufa. Solange alikuwa rafiki yangu wa pekee. Baba yake alikuwa na boti yenye injini na mitumbwi miwili ya uvuvi, na kwao kulikuwa chini, njia ya kwenda ziwani, kikosi kizima cha wavuvi kikila kwenye ua wao. Aliongea kwa ajili yetu sote wawili. Muuza maandazi akiniuliza ninataka mangapi, Solange ndiye aliyejibu. Siku hiyo aliuliza watu wa chini ya ziwa wanaona nini wakitazama juu. Nikasema wanaona taa. Akanigeukia macho yamemtoka. "Sifa! Basi taa njo jua yao!" Ikawa hivyo, taa zetu zikawa jua lao. Wavuvi wetu wakitoka usiku, Lumbi kunakucha. Mwezi wetu ukijaa na taa zikibaki nyumbani, kule chini kunaingia giza, na watu wa Lumbi wanafunga milango yao ya makombe ya konokono, wanalala siku zote hizo mfululizo.

Nchi bila kalenda si nchi, Solange alisema, na hilo tulilifanyia kazi kwa bidii ambayo mwalimu wetu wa hesabu hakuwahi kuiona kwangu. Kipindi kimoja cha mwanga kiliitwa taa. Kulikuwa na Taa ya Matope, wakati mito ya Mulongwe na Kalimabenge inapomwaga udongo mwekundu ziwani na mashamba ya Lumbi yanapata rutuba. Kulikuwa na Taa ya Mikeke, ambapo samaki wakubwa wa jina hilo wanashuka kula watoto wa Lumbi wasiotii. Kulikuwa na Taa ya Upepo, ya kiangazi, ambapo jua lao linayumba na watu wanatembea wameshikana mikono wasianguke. Na giza nalo lilikuwa na siku zake, tukazipa majina ya kazi za wavuvi: Anika, Shono, Lami, Wembe, Ngoma, halafu Shusha, siku mitumbwi inaposhushwa majini na kule chini kunakucha upya. Solange ndiye aliyetangaza majina. Mimi nilihesabu. Yeye alisahau upesi, alikuwa na mengi. Mimi nilitazama mwezi kila jioni kutoka mlangoni na sikukosea hata mara moja. Nasema hivyo bila kujisifu. Ni jambo moja tu nililolijua kuliko yeye.

Mara moja tulibishana. Mvua ilinyesha siku ya Shono kuanzia asubuhi, wavuvi wakajikunyata chini ya mabati, hakuna aliyegusa sindano. Solange akasema Shono haijafika, inangoja, kwa sababu jina bila kazi ni bure. Nikasema siku imepita, washone wasishone. Tukapeleka kesi kwa koko, mama yake baba yangu. Baba alikufa mimi nikiwa mchanga, mama akabaki na sisi wawili, mimi na koko. Miguu ya koko ilikuwa imevimba, hakutembea zaidi ya kutoka kitandani mpaka mkekani pale mlangoni, lakini alipenda sana mambo yetu ya Lumbi, na alidai kuna mtu wa kule alimposa akakataa kwa sababu ana magamba. Alitusikiliza wote, akacheka mpaka akakohoa. "Eh bamama, munisamehe. Ile mvua inafikaka kule chini ya maji?" Tukatazamana. Haifiki. Mtu wa chini ya ziwa atajuaje kwamba mvua inanyesha? Basi siku ilikuwa imepita, na ikawa sheria: mambo ya juu hayazuii siku ya Lumbi. Solange alikubali kwa kununa, akaniambia nina bahati kukaa nyumba moja na hakimu.

Halafu vita ikaja kutoka upande wa uwanda wa Ruzizi. Sijui jinsi ya kueleza vita inavyokuja kwa mtoto. Kwanza ilikuwa habari za redio ambazo wakubwa walizipunguzia sauti tukiingia. Halafu shule ikafungwa na sisi tukafurahi. Halafu watu wakaanza kupita barabarani na magodoro kichwani, wakitoka Kiliba na Sange, hawakusalimia, na mlio wa mbali ukawa unasikika kama mtu anayepiga mkeka kwa fimbo kuondoa vumbi. Mama aliuza unga wa muhogo Nyamianda. Siku moja akarudi mapema na unga wake wote, akaketi karibu na koko, wakaongea kwa Kifuliiru kwa sauti ya chini. Jioni hiyo akavaa kitenge chake cha kanisani, akanichukua, tukaenda kwa kina Solange.

Namkumbuka baba Solange alivyotupokea. Alisimama. Mtu mkubwa vile, mwenye boti, alisimama kwa ajili ya mama yangu, akamvutia stuli, akamwita dada. Mama hakuzunguka. Alisema yeye mwenyewe ana miguu, atakimbia kama wengine, ila anaomba nafasi mbili kwenye boti, ya mama mkwe wake na ya mtoto. Huko Kigoma, ng'ambo boti inakokwenda, kuna shangazi yangu atakayetupokea. Baba Solange akaweka mkono kifuani. "Mama Sifa, koko iko mama yetu sisi wote. Fasi iko. Usifikiri tena." Mama Solange akaongeza kwamba koko atalala katikati, pasipo na mawimbi. Solange alinibana mkono chini ya meza mpaka ukauma. Tatizo lilikuwa siku. Baba Solange hakutaka itajwe, kwa kuwa wanajeshi walikuwa wanachukua boti za watu, na majirani wakisikia wangejaa ufukoni mpaka izame. Ndipo Solange akasema, mbele ya wazazi wote, kwamba si lazima kutaja. Atatumia siku za Lumbi. Hakuna anayezijua ila mimi na yeye. Wakubwa walicheka, nadhani kwa mara ya kwanza wiki hiyo. Baba yake akainamia sikio lake, akanong'ona, naye akanigeukia akasema neno moja: "Shusha." Alfajiri ya Shusha. Njiani mama aliniuliza ni lini, nikatazama mwezi, nikamwambia. Akasema, "Una hakika?" Nikasema nina hakika. Mama yangu, ambaye hakuwahi kuniamini hata kuchota chumvi, siku ile aliniamini, na nilirudi nyumbani nikiwa mrefu.

Mwezi ulikuwa unajaa. Siku za giza zilipita bila kufanana na giza lolote lililotangulia. Nyavu zilianikwa, ila hakuna aliyezishona, wengine kwenye kikosi walikuwa wameshakimbilia milimani na familia zao. Harusi, nani angeoa. Mimi niliendelea kuhesabu. Mama alifunga kifurushi cha koko: blanketi, kitenge cha kubadili, sufuria ndogo, rozari, dawa ya mafuta anayojipaka magotini. Koko alikifanyia mzaha kile kifurushi, akasema anaolewa uzeeni, na bwana harusi ni boti. Aliomba nimsuke, akasema hawezi kufika kwa watu Kigoma na kichwa kama shamba lililochomwa.

Siku ya tano, ile ninayosema mimi kwamba ilikuwa Ngoma, nilishuka ziwani kuosha vyombo na nikamkuta Solange peke yake kwenye jiwe letu. Hakuwa anaosha kitu. Nilimwambia kwa furaha kwamba kesho ndiyo Shusha, kifurushi kiko tayari, na mama amempata mtu wa kumbeba koko mpaka ufukoni kabla ya jua. Alichukua kokoto akaitupa majini.

"Leo iko Wembe," akasema.

"Hapana. Leo iko Ngoma."

"Weye Sifa! Uliona mutu gani iko anacheza ngoma mu hii vita? Jana bavuvi balikuwa bado banapaka lami. Nani alinyolewa? Onyesha minye mutu moja alinyolewa." Akapiga makofi kama mwalimu. "Leo njo Wembe. Kesho Ngoma. Shusha iko kesho kutwa."

Nilimkumbusha kesi ya mvua, na kwamba koko alishaamua. Nilimwambia mambo ya juu hayazuii siku ya Lumbi. Alinitazama kwa uso ambao sikuuelewa, kama mtu anayetafuta neno la Kifaransa mbele ya darasa. Kisha akalipata. "Ile ilikuwa mvua. Mvua haifike kule. Lakini vita, Sifa? Vita inafika fasi yote. Inafika hata Lumbi."

Lilikuwa jibu zuri. Hilo ndilo linaloniumiza mpaka leo, uzuri wake. Kama angeniambia tu umekosea, ningebaki na hesabu yangu, maana hesabu ndiyo niliyokuwa nayo. Lakini aliingia ndani kabisa ya nchi yetu, akachukua jambo la kweli, jambo ambalo mimi mwenyewe nilikuwa nalihisi kila usiku nikisikia ule mlio, akalitumia. Niliona watu wa Lumbi wameamka gizani, wanasikiliza, hawajui siku. Nikasema sawa. Akaniambia nisishuke ufukoni kesho asubuhi, wanajeshi wanazungukazunguka, nije mchana. Akanisaidia kuosha sufuria kubwa. Tukapanda pamoja mpaka njia panda, akaniaga kama siku zote, kwa kunipiga kofi mgongoni na kukimbia.

Nikamwambia mama imeongezwa siku moja. Akauliza kwa nini. Nikajaribu kueleza, nikachanganyikiwa, akasema basi, kama wenye boti wamesema hivyo ni hivyo. Akamtumia habari yule mtu wa kumbeba koko kwamba aje kesho kutwa.

Asubuhi iliyofuata mlio ulikuwa karibu. Haukuwa tena wa mkeka. Mama alinituma nikamwulize mama Solange kama kweli tutangoja, nikapitia vichochoroni, nikafika kwenye ua wao. Mlango ulikuwa wazi. Jiko lilikuwa bado na majivu ya moto. Kuku mmoja alikuwa anatembea sebuleni, na sebule ilikuwa tupu kabisa, sakafu ya saruji ina alama nyeupe nyeupe mahali vitu vilipokuwa vimekaa. Nilisimama pale nikimwita Solange kwa sauti ya kawaida, kana kwamba yuko chumba cha pili. Aliyetokea alikuwa mvuvi mmoja wa kikosi, kijana mcheshi ambaye alikuwa akituita mabalozi wa Lumbi. Alishangaa kuniona.

"Weye ungali huku? Balisema mulibadili mawazo. Mama Solange alisema koko yenu alikataa kuvuka maji."

Nikamwuliza wameondoka saa ngapi. Alfajiri, akasema. Nikamwuliza boti ilikuwa imejaa sana, na nilikuwa natamani aniambie ndiyo, ilijaa watu, watoto wa watu, wajawazito. Yule kijana alikuna kichwa. Akasema ilijaa, ndiyo: viti vya sebuleni vyote, kabati, magodoro, mapipa mawili ya mawese, cherehani. Viti vilikaa katikati, pasipo na mawimbi, vimefunikwa turubai. Yeye mwenyewe alisaidia kuvipanga. Na Solange? Solange alikaa mbele na saa ya ukutani, ameipakata kama mtoto isivunjike. "Hakusema neno," akasema. Halafu akaniambia nikimbie nyumbani.

Nilipomweleza mama, hakupiga kelele. Aliniuliza mara moja tu: "Alikwambia Shusha ni kesho?" Nikasema, "Alisema kesho." Akasema haya. Hajawahi kuniuliza tena mpaka leo. Alitoka kutafuta wanaume wa kubeba kipoyi, machela ile ya kubebea wagonjwa mabegani, lakini kipoyi kinataka wanaume wanne na barabarani kila mwanamume alikuwa na mzigo wake. Yule aliyekubali kumbeba koko mgongoni alikuwa ameshaondoka na watoto wake, naye simlaumu. Tulijaribu baiskeli ya jirani. Koko alikaa juu yake kama hatua kumi, akalia kwa maumivu kama mtoto mdogo, akasema tumrudishe. Tulimrudisha. Akajiweka sawa kitandani, akatutazama mmoja mmoja, akasema kwa sauti ya mtu anayetoa amri jikoni: "Mwende. Minye nitalinda nyumba." Mama Feza, mjane wa nyumba ya pili, alikuwa ameapa hakimbii tena maishani mwake, akasema atamletea maji na chakula. Tukaacha kile kifurushi hapo miguuni pake kwa sababu sisi hatukujua la kukifanyia. Nywele zake zilikuwa nzuri. Nilizisuka vizuri siku ile kuliko siku zote.

Sitaandika safari. Kila mtu wa Uvira ana yake, na yangu haina kitu cha pekee: barabara ya ziwani kuelekea kusini, halafu milima, halafu mihogo mibichi, halafu kuhara. Tulikaa huko mpaka nchi ikabadilishwa jina na sisi bado tuko porini. Tuliondoka Zaire, tukarudi Kongo, miguu ni ile ile. Nyumba ilikuwa imesimama. Koko alikuwa nyuma ya jiko, chini ya kilima kidogo cha udongo kilichoanza kuota majani. Mama Feza alisema hakuna risasi iliyomgusa. Alikwisha polepole tu, hakuna dawa, na alikuwa na tabia ya kuuliza kila asubuhi kama sisi tumefika. Mama Feza alimjibu ndiyo, wamefika.

Na hapa lazima niseme jambo ambalo ndilo sababu ya kuandika. Miaka yote hiyo, njiani na baada ya kurudi, nilimtetea Solange. Moyoni, maana hakuna aliyekuwa anamshtaki kwa sauti. Nilisema baba yake alimdanganya pia. Nilisema labda kweli aliamini ilikuwa Wembe, alikuwa anasahau siku huyu, ni mimi niliyekuwa ninahesabu. Nilisema alikaa kimya kwenye boti kwa sababu alikuwa ananitazamia nitokee. Nilihitaji iwe hivyo. Kupoteza koko ni kitu ambacho vita ilifanya, na vita haina uso. Lakini kama Solange alijua, basi nilikaa kwenye jiwe lile na mtu anayenisaidia kuosha sufuria huku anajua.

Walirudi mwaka jana. Wana nyumba mpya Kimanga, na baba yake amefungua duka la vifaa vya uvuvi. Jumapili ya kwanza nilimwona mama yangu nje ya kanisa akimpa mkono baba Solange, mikono yote miwili, akiinamisha kichwa, akisema karibuni nyumbani. Nilihisi ardhi inahama. Njiani nilimwuliza kwa nini. "Unataka nifanye nini, Sifa? Tunakaa mji mmoja. Kesho nitahitaji kitu." Ni kweli, tunanunua mafuta ya taa kwake. Lakini sikuongea na mama mpaka siku ya tatu yake, na mimi kunyamaza si kazi, kwa hiyo pengine hakugundua.

Solange akawekwa darasa letu. Amekuwa mrefu, anaongea Kiswahili cha Kigoma, mimi na wewe badala ya minye na weye, na wasichana wanamzunguka. Alinikumbatia mbele ya wote. "Sifa wangu! Tuliwangoja mpaka jua likatoka." Shingo ilikuwa inawaka. Kwa wiki nyingi nilibeba sentensi ile. Waliondoka alfajiri, kijana aliniambia alfajiri, lakini labda alikosea saa, labda walingoja kidogo. Unaona jinsi nilivyokuwa bado natafuta.

Halafu siku moja wakati wa mapumziko, mvua imetufungia darasani, alianza kuwasimulia wasichana habari za Lumbi. Alisimulia vizuri, kama zamani. Milango ya makombe, watoto wasiotii. Walicheka sana. Alipofika kwenye siku za giza alisahau, akanigeukia. "Sifa, zilikuwaje zile siku? Huyu ndiye aliyekuwa anajua." Wote wakanitazama. Nikazitaja moja moja, Anika, Shono, Lami, Wembe, Ngoma, Shusha, na nilipomaliza sauti yangu haikuwa imekatika, nikaona niendelee. Nikasema, "Ile siku kwenye jiwe ilikuwa Ngoma." Mmoja akacheka akidhani ni sehemu ya hadithi. Solange hakucheka. Alishika kifungo cha blauzi yake akakizungusha. Akanivuta pembeni, karibu na dirisha, na huko alirudi kwenye lugha yetu bila kujua.

"Tulikuwa batoto, Sifa."

"Ulijua?"

"Baba njo alinituma. Alisema mama yako analeta koko, na koko hawezi, tutazama. Ningefanya nini?"

"Yale maneno ya vita kufika Lumbi. Nayo ni baba alikutuma?"

Alitazama mvua. Angeweza kusema ndiyo, na mimi, aibu kusema, ningeamini. "Hapana," akasema. "Ile nilitafuta minye mwenyewe. Weye ulikuwa unabisha sana." Halafu akauliza, kwa hofu ya kweli nadhani, koko yuko wapi siku hizi, kwa sababu hajamwona mlangoni. Nikamwambia. Akafunika mdomo. Akasema hakujua. Nikasema, "Sasa unajua," kengele ikalia, tukarudi kila mtu kwenye dawati lake, na mwalimu akaingia na somo la logarithimu.

Sijamsamehe na sijagombana naye. Tunasalimiana. Akiomba kuazima rula nampa. Wengine wananiambia, wale wawili watatu wanaojua kwa kuwa niliwaandikia, kwamba mtoto wa miaka kumi na moja hana uwezo wa kumkatalia baba yake, na nakubali, mimi pia nisingeweza. Ningepeleka uongo kama nilivyotumwa, kwa sauti ndogo, nikitazama chini, na mtu yeyote angegundua. Yeye aliupamba. Alikuwa na kipaji kile tulichokuwa tunakipenda wote wawili, akakitumia upande mwingine mara moja tu, na ilitosha. Nimebaki na tabia moja ambayo zamani sikuwa nayo: nikipata jibu la hesabu na mtu akaniambia nimekosea, simwachii. Namwambia afanye tena mbele yangu, mstari kwa mstari. Walimu wanaona nimekuwa jeuri kidogo. Katika mengine yote bado naogopa hata kuomba chaki.

Uvuvi umerudi pia, ingawa taa si nyingi kama zamani. Mama amechukua mtoto wa marehemu dada yake, Riziki, ana miaka sita, ananiita yaya, yaani dada, anauliza maswali mpaka mtu anachoka. Juzi jioni tulikuwa tunarudi na maji, mitumbwi imeshatoka, taa zinaanza kuwashwa moja moja kule mbali. Akasimama, akaweka dumu lake chini.

"Yaya Sifa, chini ya zile taa kuna nini?"

"Samaki."

"Samaki tu?"

Alikuwa ananitazama na mdomo wazi, tayari kuamini chochote ambacho ningemwambia.

"Samaki tu," nikasema. "Beba dumu lako, twende."